Mfalme, askofu na Bunge: jinsi mamlaka juu ya kanisa yalivyozaa vita England

Agosti 22 mwaka 1642, Mfalme Charles wa Kwanza alisimamisha bendera yake ya vita katika mji wa Nottingham, katikati ya England. Adui aliyekusudia kupambana naye hakuwa taifa la kigeni, bali Bunge la nchi yake mwenyewe.

Vita vilivyofuata viligawa miji, vijiji na hata familia. Wanahistoria wanakadiria kwamba karibu watu 200,000 walipoteza maisha England na Wales, kwa mapigano na kwa maradhi yaliyoandamana na majeshi, katika nchi iliyokuwa na watu takriban milioni tano. Mwaka 1649 mfalme mwenyewe alikatwa kichwa hadharani.

Sababu za vita hivyo ni nyingi: kodi, madaraka ya Bunge na ukaidi wa mfalme. Hata hivyo, swali moja lilipita katikati ya ugomvi wote: nani mwenye neno la mwisho juu ya kanisa? Swali hilo liliachwa bila jibu zaidi ya miaka 100 kabla, pale mfalme mwingine alipojitwalia kanisa ili apate kuoa.

Ndoa, mrithi na Papa

Henry wa Nane alipotawazwa mwaka 1509, England ilikuwa nchi ya Kikatoliki na mfalme mwenyewe alikuwa mtiifu kwa Roma. Mwaka 1521 Papa Leo wa Kumi alimtunuku jina la Mtetezi wa Imani, kwa kuandika kitabu cha kumpinga Martin Luther, mwanamageuzi wa Ujerumani.

Miaka michache baadaye uhusiano huo uliharibika. Mke wa Henry, Catherine wa Aragon, alikuwa amemzalia mtoto mmoja tu aliyeishi, binti aliyeitwa Mary. Mfalme alitaka mrithi wa kiume, na alitaka kumwoa Anne Boleyn.

Papa Clement wa Saba hakukubali kuibatilisha ndoa hiyo, wala hakuwa huru kuamua apendavyo. Mwaka 1527 majeshi ya Kaisari Charles wa Tano, mpwa wake Catherine, yalikuwa yameuteka na kuupora mji wa Roma.

Henry akaamua kulimaliza jambo hilo nyumbani. Mwaka 1533 Bunge lilipiga marufuku rufaa kupelekwa Roma, na Askofu Mkuu mpya wa Canterbury, Thomas Cranmer, akatamka kwamba ndoa ya mfalme ilikuwa batili. Mwaka 1534 Bunge likapitisha sheria iliyomtambua mfalme kuwa mkuu wa pekee duniani wa Kanisa la England.

Sheria yenye maana mbili

Sheria hiyo ilikuwa na utata ndani yake. Maneno yake hayakusema kwamba Bunge linampa mfalme ukuu wa kanisa. Yalisema kwamba mfalme anao tayari, na kwamba Bunge linauthibitisha tu.

Kwa wafalme, maana ilikuwa wazi: mamlaka hayo yalitoka kwa Mwenyezi Mungu, na wabunge walikuwa mashahidi tu. Kwa wanasheria na wabunge wa vizazi vilivyofuata, maana ilikuwa nyingine: jambo lililoandikwa kwa sheria ya Bunge laweza kupimwa, kuwekewa mipaka na kurekebishwa kwa sheria ya Bunge.

Wakati wa uhai wa Henry hapakuwa na mtu aliyethubutu kulijadili jambo hilo kwa sauti. Thomas More, aliyekuwa waziri mkuu wa sheria wa mfalme, na Askofu John Fisher wa Rochester walikataa kuukubali ukuu huo. Wote wawili walikatwa vichwa mwaka 1535 kwa kosa la uhaini.

Hapo ndipo lilipotokea badiliko kubwa. Tangu siku hiyo, kutofautiana na mfalme katika dini hakukuwa tena kosa la imani peke yake, bali kosa dhidi ya dola.

Kati ya mwaka 1536 na 1540 monasteri zipatazo 800 zilifungwa na mali zake kuchukuliwa na serikali. Mwaka 1536 wananchi wa kaskazini waliandamana kwa maelfu kupinga hatua hizo, na kiongozi wao, wakili Robert Aske, alinyongwa mjini York mwaka uliofuata.

Ardhi ya watawa iliuzwa kwa wingi kwa watu wenye uwezo. Wajukuu wa wanunuzi hao ndio waliokuja kukaa katika viti vya Bunge, wakiwa na sababu ya imani na sababu ya mali ya kuogopa kurudi kwa Roma.

Dini nne katika miaka kumi na miwili

Henry alifariki dunia Januari 1547. Udhaifu wa mfumo aliouacha ulidhihirika mara moja: ikiwa mfalme ndiye mkuu wa kanisa, basi kila mfalme mpya huja na dini yake.

Mwanawe Edward wa Sita, aliyetawazwa akiwa na umri wa miaka tisa, alilipeleka kanisa upande wa Uprotestanti. Kitabu cha Sala cha Kiingereza kilitolewa mwaka 1549, na watu wa Devon na Cornwall wakaasi kukipinga. Kitabu cha pili, kilichojitenga na Ukatoliki zaidi ya kile cha kwanza, kilifuata mwaka 1552.

Mary wa Kwanza, aliyetawala kuanzia mwaka 1553 hadi 1558, aliirudisha nchi chini ya Papa. Waprotestanti wapatao 280 walichomwa moto, akiwemo Cranmer mwenyewe, aliyeuawa mjini Oxford mwaka 1556. Kumbukumbu ya mioto hiyo, iliyohifadhiwa katika kitabu cha John Foxe kilichochapishwa mwaka 1563, iliwafanya Waingereza wengi wauone Ukatoliki kuwa ni dini ya mateso.

Elizabeth wa Kwanza aligeuza tena mambo mwaka 1559. Aliacha jina la Mkuu wa Kanisa na kuchukua la Gavana Mkuu, akaweka njia ya kati: mafundisho ya Kiprotestanti, lakini maaskofu, mavazi rasmi na ibada yenye utaratibu vikabaki. Aliyekosa kwenda kanisani Jumapili alitozwa faini ya peni 12.

Njia hiyo ya kati haikuwaridhisha wote. Wakatoliki waliishi kwa hofu, hasa baada ya Papa Pius wa Tano kumtenga malkia na kanisa mwaka 1570 na kutangaza kwamba raia wake hawawajibiki tena kumtii. Kwa upande mwingine walikuwepo Waprotestanti wenye msimamo mkali, walioitwa Wapuritani, walioona kwamba mageuzi yalikuwa yameachwa njiani.

"Bila askofu, hakuna mfalme"

Mwaka 1603 Elizabeth alifariki bila mtoto, na kiti kikamwendea Mfalme James wa Sita wa Scotland, aliyekuwa James wa Kwanza wa England. Mtu mmoja akawa mtawala wa England, Scotland na Ireland, nchi tatu zenye makanisa yasiyofanana.

Scotland ilikuwa na kanisa la Kipresibiteri, ambamo mabaraza ya wachungaji na wazee wa kanisa yalikuwa na sauti kubwa. Katika mfumo huo mfalme alikuwa muumini kama wengine, na wahubiri wa Scotland hawakusita kumkumbusha James jambo hilo.

Kwa hiyo Wapuritani walipokutana naye Hampton Court mwaka 1604 kudai mageuzi, James aliwajibu kwa maneno yaliyobaki katika historia: bila askofu, hakuna mfalme. Ombi lao la tafsiri mpya ya Biblia alilikubali, na Biblia hiyo ikachapishwa mwaka 1611. Kuwaondoa maaskofu alikataa katakata.

Sababu zake hazikuwa za kiroho tu. Maaskofu waliteuliwa na mfalme, walikaa katika Baraza la Malodi bungeni, waliongoza mahakama za kanisa na walisimamia nani apande mimbarini. Katika nchi ambayo wengi hawakujua kusoma, mimbari ndiyo iliyokuwa njia kuu ya habari. Aliyeishika mimbari aliishika nchi.

Charles na Askofu Mkuu Laud

Charles wa Kwanza alimrithi baba yake mwaka 1625. Alikuwa mtu mchaji, mpenda sanaa, asiyejua kurudi nyuma. Mkewe, Henrietta Maria wa Ufaransa, alikuwa Mkatoliki aliyekuwa na makasisi wake katika kasri, jambo lililowatia wasiwasi raia wengi.

Baada ya kuvutana na Bunge juu ya kodi na dini, Charles alilivunja mwaka 1629 na kutawala kwa miaka 11 bila kuliita tena. Alitafuta fedha kwa njia nyingine, ikiwemo kodi ya meli, iliyozoeleka kutozwa katika maeneo ya pwani wakati wa hatari, lakini sasa ikatozwa nchi nzima.

Mkono wake wa kulia katika mambo ya kanisa alikuwa William Laud, mtoto wa mfanyabiashara wa nguo wa mji wa Reading, aliyefanywa Askofu Mkuu wa Canterbury mwaka 1633. Laud alitaka ibada yenye heshima na umoja. Meza ya ushirika iliondolewa katikati ya makanisa, ikawekwa upande wa mashariki na kuzungushiwa uzio.

Kwa mtu wa leo, mahali pa meza huenda likaonekana jambo dogo. Kwa Wapuritani lilikuwa ishara kwamba madhabahu ya Roma yanarudi kimyakimya, na kwamba anayeyarudisha ni yule yule aliyeapa kuyalinda mageuzi. Aidha, wachungaji waliamriwa kusoma kanisani tamko la mfalme lililoruhusu michezo siku ya Jumapili. Waliokataa waliadhibiwa.

Sauti za upinzani zilizibwa. Mwaka 1637 wakili William Prynne, mhubiri Henry Burton na tabibu John Bastwick walikatwa masikio hadharani mjini London kwa kuandika dhidi ya maaskofu. Mwaka huo huo amri mpya iliweka uchapishaji chini ya udhibiti mkali: wenye mitambo mjini London walipunguzwa hadi 20, na vitabu vingi vilihitaji kibali cha Askofu Mkuu wa Canterbury au Askofu wa London.

Wengine waliamua kuhama. Watu wapatao 20,000 walivuka bahari ya Atlantiki katika miaka ya 1630 kwenda New England, huko Amerika.

Cheche kutoka Scotland

Moto haukuwakia London. Uliwakia Edinburgh.

Mwaka 1637 Charles aliamuru Scotland itumie Kitabu cha Sala kilichofanana na cha England. Hakulishauri Bunge la Scotland wala baraza kuu la kanisa la huko. Julai 23, kitabu hicho kiliposomwa kwa mara ya kwanza katika kanisa la St Giles, waumini walipiga kelele na kurusha vigoda, na ghasia zikaenea mjini.

Februari 1638 Waskochi walianza kutia saini Agano la Taifa, wakiapa kulinda kanisa lao dhidi ya mambo mapya yasiyoidhinishwa na mabaraza yao. Mwishoni mwa mwaka huo baraza kuu la kanisa lililokutana Glasgow liliufuta uaskofu nchini Scotland.

Kwa Charles, huo ulikuwa uasi. Aliandaa jeshi mwaka 1639, na tena mwaka 1640, lakini vita vinahitaji fedha, na fedha zilikuwa mikononi mwa Bunge. Bunge aliloliita Aprili 1640 lilitaka kwanza malalamiko yake yasikilizwe. Akalivunja baada ya wiki tatu.

Agosti 1640 Waskochi walivuka mpaka, wakalishinda jeshi la mfalme huko Newburn na kuuteka mji wa Newcastle. Mfalme akalazimika kuahidi kulilipa jeshi hilo pauni 850 kila siku wakati mazungumzo yakiendelea. Bila Bunge, hakuwa na pa kuzitoa. Novemba 1640 aliliita jingine.

Jinsi mfalme alivyopata wafuasi

Mwanzoni Bunge lilikuwa karibu kauli moja. Laud alikamatwa. Earl wa Strafford, mshauri mkuu wa mfalme, aliuawa Mei 1641. Mahakama zilizotumiwa kuwaadhibu wapinzani zilifutwa, na udhibiti wa uchapishaji ukaporomoka pamoja nazo. London ikafurika vijarida: muuza vitabu George Thomason peke yake alikusanya zaidi ya 22,000 kati ya mwaka 1640 na 1661.

Mwaka 1640 mfalme alikuwa karibu peke yake. Vita vya wenyewe kwa wenyewe huhitaji pande mbili. Ni suala la kanisa lililompatia Charles upande wa pili.

Desemba 1640 wakazi wa London wapatao 15,000 walilitaka Bunge liung'oe uaskofu, mizizi na matawi. Wabunge wengi waliomchukia Laud hawakuwa tayari kufika huko. Walikipenda Kitabu cha Sala walichokulia, na walihofu kwamba nchi ikiondoa maaskofu leo, kesho itaondoa kila mwenye cheo. Watu hao wakaanza kumwegemea mfalme.

Oktoba 1641 Wakatoliki wa Ireland waliasi, na Waprotestanti kwa maelfu wakapoteza maisha. Uvumi ulizidisha idadi hiyo mara nyingi. Jeshi lilihitajika haraka, lakini nani alikabidhi jeshi kwa mfalme ambaye wengi walimshuku kuwa anawapendelea Wakatoliki?

Novemba 1641 wabunge walipigia kura orodha ndefu ya malalamiko dhidi ya utawala wa Charles. Ilipita kwa kura 159 dhidi ya 148. Taifa lilikuwa limegawanyika vipande viwili.

Januari 4 mwaka 1642 Charles aliingia bungeni na askari kuwakamata wabunge watano. Walikuwa wamekwisha kutoroka. Siku chache baadaye mfalme aliondoka London, asirudi tena ila akiwa mfungwa.

Vita na kichwa cha mfalme

Pambano kubwa la kwanza lilipiganwa Edgehill, Oktoba 1642, bila mshindi dhahiri. Mwaka 1643 Bunge liliungana na Waskochi, nao wakadai kanisa la England lifanyiwe mageuzi. Mfalme alishindwa vibaya Marston Moor mwaka 1644 na Naseby mwaka 1645.

Laud, mzee wa zaidi ya miaka 70, alikatwa kichwa Januari 1645. Mwaka 1646 Bunge likaufuta uaskofu.

Charles, sasa akiwa ameshindwa, alipewa masharti zaidi ya mara moja. Alikuwa tayari kujadili mengi, lakini kuwaacha maaskofu kabisa hakukubali, kwani aliona kwamba angekuwa amevunja kiapo alichokula mbele ya Mungu. Desemba 1647 alifanya mapatano ya siri na Waskochi, akiahidi kuujaribu mfumo wao wa kanisa nchini England kwa miaka mitatu, nao wampe jeshi. Vita vya pili vikazuka mwaka 1648, na Waskochi wakashindwa Preston.

Jeshi la Bunge, ambalo Oliver Cromwell alikuwa miongoni mwa makamanda wake wakuu, lilichoshwa na mazungumzo. Desemba 1648 askari waliwazuia wabunge waliotaka suluhu kuingia bungeni. Mahakama maalumu ikaundwa, na Januari 30 mwaka 1649 Charles aliuawa mbele ya jengo la Banqueting House, Whitehall.

Washindi nao hawakupatana. Wapresibiteri walitaka kanisa moja la taifa lenye nidhamu ya mabaraza. Wengine, hasa jeshini, walitaka kila kusanyiko lijiendeshe. Mfalme alikuwa ameondoka, lakini swali la nani aliongoze kanisa lilibaki pale pale.

Jibu lililopatikana polepole

Ufalme ulirejeshwa mwaka 1660, na maaskofu wakarudi pamoja nao. Wachungaji wapatao 2,000 waliokataa kufuata utaratibu huo walipoteza nafasi zao kufikia mwaka 1662. John Bunyan, fundi wa masufuria aliyehubiri bila kibali, alikaa gerezani miaka 12.

James wa Pili, aliyekuwa Mkatoliki, alitumia mamlaka yake kusimamisha sheria za dini bila Bunge, na mwaka 1688 akawashitaki maaskofu saba waliompinga. Mahakama iliwaachia huru. Kabla mwaka haujaisha, mfalme alikuwa amekimbilia Ufaransa.

Sheria za mwaka 1689 zilimkataza mfalme kusimamisha sheria bila idhini ya Bunge, na zikawapa Waprotestanti walio nje ya kanisa rasmi uhuru wa kuabudu. Wakatoliki walisubiri hadi mwaka 1829 kuruhusiwa kuingia bungeni. Utata wa mwaka 1534 ulikuwa umepata jibu: mfalme analiongoza kanisa, lakini kwa mujibu wa sheria, na sheria hutungwa na Bunge.

Jibu hilo halikuwa la maandishi tu. Mwaka 1927 na tena mwaka 1928, Bunge lilikataa Kitabu cha Sala kilichorekebishwa, ingawa viongozi wa kanisa lenyewe walikuwa wamekwisha kukikubali.

Maaskofu bila mfalme

Mfalme Charles wa Tatu, aliyerithi kiti mwaka 2022, ni Gavana Mkuu wa Kanisa la England, na maaskofu 26 wana viti katika Baraza la Malodi. Huko Scotland hana cheo kama hicho. Siku mbili baada ya kifo cha mama yake aliapa kulilinda kanisa la Kipresibiteri la nchi hiyo, lile lile ambalo Charles wa Kwanza alijaribu kulibadili.

Nje ya Uingereza, Waanglikana walifuata njia nyingine. Baada ya uhuru wa Marekani, Samuel Seabury alishindwa kuwekwa wakfu na maaskofu wa England kwa kuwa hakuweza kula kiapo cha utii kwa mfalme. Aliwekwa wakfu na maaskofu wa Scotland mjini Aberdeen mwaka 1784.

Makanisa ya Kianglikana ya Afrika Mashariki na Kati, kuanzia Kenya, Tanzania na Uganda hadi Rwanda, Burundi na Congo, yana urithi wa Kitabu cha Sala na uaskofu kutoka England. Ugavana wa mfalme hayakuurithi. Maaskofu wakuu wake huchaguliwa na makanisa yenyewe, wala Bunge la London halina neno juu ya sala zao.

James wa Kwanza aliamini kwamba askofu na mfalme husimama pamoja na kuanguka pamoja. Mwanawe alikufa kwa imani hiyo. Leo mamilioni ya Waanglikana ulimwenguni wana maaskofu na hawana mfalme, na wengi wao hawajui ni damu kiasi gani ilimwagika kabla mambo hayo mawili hayajatenganishwa.